Nyaguthii wa Meza ya Tatu

Mwanamke aliyechambua mbegu za mahindi kwa miaka kumi na miwili hatumii macho tena, anatumia vidole. Nyaguthii alikuwa hivyo. Ungemfunga kitambaa usoni ukammwagia punje mezani, na bado angekutolea ile iliyotobolewa na mdudu dumuzi, ile iliyopasuliwa na mashine, na ile ambayo kiini chake kimekufa ingawa kwa nje inang'aa kama jino la mtoto.

Katika stoo ya mbegu pale Kanduyi, pembeni mwa mji wa Bungoma, meza za kuchambulia zilikuwa sita, na kila meza ilikuwa na wanawake kumi. Kila jioni supavaisa alichota kikombe kimoja kutoka kwenye gunia la kila meza, akahesabu punje mbovu zilizoponyoka, na kuandika idadi kwa chaki ubaoni. Mkubwa wa meza ya tatu alikuwa Nyaguthii. Hakujua kusoma hata jina lake mwenyewe, lakini tarakimu za ubao ule alizijua, na karibu kila wiki tarakimu ya meza ya tatu ndiyo iliyokuwa ndogo kuliko zote.

Hayo yasemwe mwanzoni kabisa, kwa sababu baadaye iliandikwa kwenye karatasi, kwa mashine na kwa muhuri, kwamba kazi yake ilikuwa mbovu.

Alizaliwa nje kidogo ya Kitale, kwenye ekari tano ambazo baba yake alizipata kwa kuchanga hisa pamoja na Wakikuyu wenzake waliotoka Nyeri. Watoto walikuwa saba na karo haikutosha. Alipofika darasa la pili mama yake alimtoa shuleni, ati kwa muhula mmoja tu, asaidie kupukuchua mahindi. Muhula huo haujaisha mpaka leo. Kaka yake Mathenge aliendelea na vitabu, yeye akaendelea na mahindi.

Akiwa na miaka ishirini na miwili aliolewa na Khisa, Mbukusu aliyekuwa akiendesha trekta za watu huko Kitale, akamfuata kwao Kanduyi. Wakikuyu wa Kitale walinuna, na Wabukusu wa Kanduyi wakanuna pia. Wa kwanza kuacha kununa alikuwa mama mkwe. Alimpa jina la Nekesa, ambalo hupewa msichana aliyezaliwa wakati wa mavuno, akamfundisha Kibukusu, na akamfundisha adabu za boma. Mgeni hapewi chai tupu. Mtu hasalimiwi kwa mbali kama mbwa. Na ukienda kwa mwenzako na jambo zito, usiingie kwake mikono mitupu, nenda na kuku. "Kuku ndiye atakayetangulia kuongea," yule mama alimwambia. "Wewe utakaa tu."

Mwaka ule wa vita vya baada ya uchaguzi, mama mkwe huyo alimficha chumbani mwake wiki mbili, akaketi mlangoni na jembe mapajani. Vijana walikuja wakauliza Mkikuyu wa Khisa yuko wapi.

"Mkikuyu gani?" aliwauliza. "Hapa yuko Nekesa wangu. Mnamtaka mtoto wangu wa nini?"

Vijana waliondoka. Mama huyo amekufa, na Khisa naye amekufa. Nyaguthii alibaki na binti mmoja, Ivy, na boma, na meza ya tatu. Watu wakimwona huyo mwanamke leo wanasema ana uchungu. Ni kweli, lakini hawaulizi ulitoka wapi.

Ulitoka Jumatatu moja saa moja asubuhi. Stoo ilikuwa imepata mwenye mpya, na mwenye mpya alikuwa amekaa na wanasiasa wa hapo, akaambiwa kwamba watoto wa nyumbani wanalala njaa huku wageni wanakula. Hakubisha. Alimwita supavaisa, Wekoye, mtu aliyekula viazi vya Nyaguthii kwa miaka mingi wakati wa chai ya saa nne na kumwita Mama Ivy. Asubuhi hiyo Wekoye alikuja na bahasha kumi na moja.

"Nitasoma majina," alisema. "Ukisikia lako, chukua barua yako uende kwenu. Mambo yamebadilika. Mbegu ya hapa itachambuliwa na mikono ya hapa."

Alisoma majina ya Wateso wanne, Wajaluo watatu, Mkamba mmoja na Msabaoti wa Cheptais anayeitwa Jepkoech, ambaye hata hakuwepo. Kisha akasoma la mama mmoja wa Kitale, Wangechi. Mwisho akasema, "Nyaguthii."

Hakusema Mama Ivy. Nyaguthii alimwendea mpaka karibu.

"Wekoye, kwetu ni wapi?"

"Si Kitale? Ama Nyeri. Chagua."

"Khisa amezikwa wapi?"

"Khisa ni wetu. Wewe alikuleta tu."

Jentrix, Mbukusu aliyekaa mkono wa kulia wa Nyaguthii kwenye meza ya tatu kwa miaka minane, alisikia kila neno. Aliinamisha kichwa na kuendelea kuchambua. Wote waliendelea kuchambua.

Jioni Ivy alisoma barua. Haikusema kabila, haikusema mikono ya hapa. Ilisema: "Kazi yako katika wiki tatu zilizopita imekuwa mbovu, na kampuni haiwezi kuendelea nawe."

"Soma tena," Nyaguthii alisema.

Ivy alisoma tena.

Kama ingesema wewe ni Mkikuyu ondoka, labda angelia siku mbili na kunyamaza. Hilo alikuwa amelizoea. Lakini walikuwa wamechukua kitu pekee alichokuwa nacho, vidole vyake, wakaandika kwamba ni vibovu. Tangu siku hiyo alitaka mambo mawili tu: barua ile ifutwe na mtu mwenye mamlaka, na arudi kwenye meza yake.

Kwanza alikwenda Kitale kwa Mathenge, ambaye sasa ana duka la mbolea na madawa ya mifugo karibu na stendi. Mathenge aliisoma barua akiwa amesimama nyuma ya kaunta, akaikunja.

"Si tulikuambia? Wewe ndiye ulienda kwa hao watu."

"Sikuja kuambiwa nilienda. Nimekuja uniambie nifanye nini."

"Tulia. Kila mtu anaajiri watu wake, dada. Hiyo ni Kenya."

Nyaguthii alitazama ndani ya duka. Wafanyakazi walikuwa vijana watatu, na wote aliwajua baba zao.

"Na wewe, Mathenge? Hapa kuna Mluhya?"

Mathenge alicheka. "Hili ni duka langu, bana."

"Hata yeye anasema ni stoo yake."

Hakukaa kunywa chai. Alirudi Kanduyi siku hiyo hiyo.

Aliyemwonyesha njia ni Jepkoech. Siku ya bahasha alikuwa nyumbani na mtoto mchanga, na barua yake aliletewa na mtu wa bodaboda. Alikuja kwa Nyaguthii mtoto akiwa mgongoni.

"Kuna msichana wa kwetu, wakili. Anaitwa Chemutai. Ofisi iko pale Bungoma mjini, juu ya kemisti. Watu kama sisi hawatozi."

"Wa kwenu," Nyaguthii alisema. "Kwa hivyo hata huko tunatafuta wa kwenu."

"Wewe panda ngazi, Mama Ivy. Tutagombana tukishashuka."

Chemutai alikuwa na umri wa kuwa binti yake. Aliwasikiliza wote wawili mpaka mwisho bila kuandika, kisha akawauliza tena, sasa akiandika. Aliwaeleza kwamba Katiba na sheria ya kazi zinamkataza mwajiri kumbagua mtu, wakati wa kumwandika, wakati wa kumpandisha cheo na wakati wa kumfuta, kwa sababu ya rangi, kabila, jinsia, dini, mimba, ulemavu au ugonjwa.

"Mimba sina," alisema Nyaguthii. "Hiyo nyingine ndiyo nilizaliwa nayo."

"Sheria inajua ulizaliwa nayo, mama. Ndiyo maana inakataza." Chemutai alimtazama. "Na kuna jambo lingine nataka ulishike vizuri. Kesi ya namna hii si kama ya kuku aliyeibwa, ambapo mwenye kuku anatafuta mwizi. Ukishalalamika kwamba umebaguliwa, ni mwajiri anayetakiwa kuonyesha kwamba hakukubagua. Mzigo ni wake."

"Ndiyo," alisema Nyaguthii.

Alisema ndiyo kwa heshima. Hakuamini. Katika maisha yake hakuwahi kuona mwenye stoo akibeba mzigo. Maskini akilalamika, maskini ndiye anayeulizwa ushahidi uko wapi. Chifu humuuliza hivyo, na wazee wa kijiji humuuliza hivyo. Iweje jaji awe tofauti? Akatoka pale akiwa na hakika moja: bila mtu wa kusimama na kusema "nilisikia", atarudishwa nyumbani na aibu juu. Na aliyesikia ni Jentrix.

Jentrix alikuwa bado anafanya kazi kwenye stoo. Chemutai alikwenda kumwona, naye Jentrix akakubali kutoa ushahidi, ingawa aliogopa. Chemutai akamwonya Nyaguthii: "Usimfundishe la kusema. Usiongee naye habari za kesi kabisa."

Na Nyaguthii hakuongea. Wanasheria wanaweza kuandika wanavyotaka, lakini hilo ni kweli. Jumapili kabla ya kesi alimkamata jogoo wake mwekundu, akamfunga miguu, akatembea naye kwa barabara kubwa, kichwa cha jogoo kikining'inia, akapita mbele ya lango la stoo bila kujificha, maana hakujua kwamba kulikuwa na cha kuficha. Alikuwa anakwenda kwa mwenzake mwenye jambo zito la kubeba kwa ajili yake. Mkono mtupu haulambwi. Alifika, akampa Jentrix jogoo mlangoni, wakaketi, wakazungumza habari za mvua na ugonjwa wa mtoto wa jirani. Kesi haikutajwa. Walipoagana Jentrix alimshika mkono muda mrefu kidogo.

"Nimeona, mulamwa," alisema. Wabukusu huita hivyo shemeji, na Jentrix alikuwa wa ukoo mmoja na Khisa.

Miaka mingi watu walikuwa wamemwambia Nyaguthii kwamba yeye si wa hapa. Siku aliyofanya jambo kama mtu wa hapa kabisa ndiyo siku aliyojiumiza.

Kesi ilisikizwa Alhamisi katika mahakama ya kazi Bungoma. Mlalamikaji alikuwa Nyaguthii, na wenzake kumi walikuwa pamoja naye, wakiwa wamejipanga kwenye mabenchi kama siku ya kanisa. Karani alitafsiri kila kitu kilichosemwa kwa Kiingereza. Jentrix aliapa kwa Biblia, akasema alichosikia: mikono ya hapa, kwenu Kitale ama Nyeri, Khisa ni wetu wewe alikuleta tu. Alisema bila kuongeza chumvi. Nyaguthii akaanza kupumua.

Wakili wa kampuni akasimama. Alikuwa mtu mpole wa sauti, na huyo ndiye wa kuogopwa.

"Mama Jentrix, Jumapili iliyopita ulipata mgeni?"

"Wageni huja."

"Mlalamikaji alikuja?"

"Alikuja."

"Alikuja na nini?"

Jentrix alimtazama Nyaguthii, akatazama Biblia. "Alikuja na kuku."

"Jogoo ama mtetea?"

"Jogoo."

"Mkubwa?"

"Wa kutosha watu sita."

Watu walicheka. Jaji aliinua macho, wakanyamaza.

"Na aliliwa na nani huyo jogoo?"

"Si sisi? Firigisi alikula mzee wangu, kama kawaida."

Kicheko kilirudi, na mara hii hata karani alifunika mdomo.

"Kwa hivyo," wakili alisema, "ulipewa kuku Jumapili, na Alhamisi umekuja kusema."

"Kukataa kuku ni kumtukana mtu. Na hata kama hangeleta, ningesema tu haya haya."

"Hilo tutalijuaje, mama?"

Hilo ni swali lisilo na jibu, na wakili alilijua hivyo alipoliuliza. Akaketi.

Nje, kwenye korido, Chemutai alikuwa na hasira ya mtu anayejizuia kupiga kelele.

"Mama, kwa nini hukuniuliza?"

"Nikuulize nini?"

"Kuhusu kuku!"

"Nani huuliza wakili kuhusu kuku? Ulisema nisiongee habari za kesi. Nilinyamaza. Uliza Jentrix."

"Najua ulinyamaza. Lakini anayetazama kutoka nje anaona shahidi aliyelipwa."

"Hayo si malipo. Hayo ni heshima. Hata kwenu Mlima Elgon si mnafanya?"

Chemutai alisugua paji la uso. "Tunafanya," alisema. "Lakini nilikuambia mzigo ni wao. Hukuwa unamhitaji Jentrix hivyo."

"Nilisikia. Nilifikiri unanifariji."

Jentrix alitoka kwenye chumba cha mahakama, akapita katikati yao bila kusimama. Nyaguthii alimwita. Aligeuka.

"Nilisema ukweli nikafanywa mwongo," Jentrix alisema. "Na aliyenifanya ni wewe, si yule wakili."

Akaenda zake. Kabla ya jua kutua, Kanduyi nzima ilikuwa inamwita shahidi wa kuku. Mpaka leo kuna wanaomwita hivyo. Kwenye stoo hawakumfuta, walimhamishia kwenye kushona magunia, kazi ya kuinama kutwa nzima. Nyaguthii akikutana naye sokoni, Jentrix hupinda njia. Hakuna mahakama ya kulitengeneza hilo.

Mchana wa siku ile ile Wekoye alipanda kizimbani. Alikuwa amevaa koti la harusi. Alieleza kwamba yeye hajui ukabila, kwamba hao kumi na mmoja waliondolewa kwa kazi mbovu, na kwamba alipima kazi yao kwa wiki tatu. Chemutai alisimama, na hakuwa na haraka.

"Bwana Wekoye, kati ya hao kumi na mmoja, Mbukusu ni nani?"

"Mimi sikuangalia kabila."

"Haya, sasa angalia."

Wekoye alitazama mabenchi. "Hakuna."

"Na kati ya arobaini na tisa waliobaki kazini, asiye Mbukusu ni nani?"

"Hakuna."

"Ilitokea tu hivyo."

"Ilitokea."

"Idadi ya punje mbovu za kila meza huandikwa wapi?"

"Ubaoni. Kwa chaki."

"Halafu?"

"Hufutwa."

"Kwa hivyo huna karatasi yoyote inayoonyesha kwamba meza ya tatu ilifanya vibaya."

"Mimi nilikuwa naona kwa macho."

Nyaguthii alikaribia kusimama. Miaka kumi na miwili, na huyu bado anaona kwa macho! Jepkoech alimvuta nguo.

Chemutai alimpa Wekoye karatasi. "Hii ni barua ya Jepkoech. Soma."

"'Kazi yako katika wiki tatu zilizopita imekuwa mbovu, na kampuni haiwezi kuendelea nawe.'"

"Ni sawa na ya Nyaguthii?"

"Ni sawa. Zote ni sawa."

"Wiki hizo tatu, Jepkoech alikuwa wapi?"

Wekoye alimtazama wakili wa kampuni. Wakili alikuwa anatazama kalamu yake.

"Nimekuuliza alikuwa wapi."

"Alikuwa... likizo. Ya kujifungua."

"Nani alimpa likizo hiyo?"

"Ni mimi nilitia sahihi."

"Basi ieleze mahakama. Mtu aliyelala nyumbani na mtoto wa wiki mbili, alichambua mbegu gani vibaya?"

Mmoja wa wale mama Wateso akasema kwa sauti ya chini, lakini si chini sana, "Labda alichambua nepi." Safari hii jaji hakuinua macho.

Nyaguthii alimtazama Wekoye akitoa jasho ndani ya koti lile, na hapo ndipo alipoyaelewa maneno aliyoambiwa na Chemutai kule ofisini juu ya kemisti. Hakuna mtu aliyemuuliza yeye chochote. Aliyekuwa anaulizwa ni Wekoye. Mzigo ulikuwa pale kizimbani kwa mwenyewe, na ulikuwa pale tangu mwanzo, hata asubuhi, hata Jumapili alipokuwa anamfunga jogoo miguu. Angemwacha Jentrix nyumbani na kesi ingefika hapo hapo ilipofika. Alifurahi, na furaha yenyewe ilikuwa chungu kama mwarobaini.

Hukumu ilisomwa miezi miwili baadaye. Jaji alisema ushahidi wa Jentrix ameuweka kando. Hakusema kwamba alidanganya. Alisema tu kwamba mahakama haiwezi kuutegemea. Lakini sheria haikumtaka mlalamikaji kuthibitisha, ilimtaka mwajiri aeleze, na mwajiri hakueleza kitu. Barua zile zilikuwa za uongo. Wanawake hao walifutwa kwa sababu ya kabila zao, na si kwa sababu ya kazi yao. Barua zote kumi na moja zimefutwa. Kampuni itawalipa fidia.

Nyaguthii alimwomba karani amtafsirie tena pale penye kazi. Karani, mtu mzuri, alinong'ona: "Amesema kazi yako haikuwa mbovu."

Kisha jaji akaendelea. Kurudishwa kazini hakuamuru. Msimu ulikuwa umeisha, na nafasi zilikuwa zimejazwa na watu wasio na kosa. Badala yake kampuni iandike utaratibu wake wa kuajiri kwa Kiswahili, iubandike langoni, na msimu ukifunguliwa yeyote kati ya hao kumi na mmoja anaweza kuomba kazi kama mtu mwingine yeyote.

Nyaguthii alisimama. Hakuwa ameambiwa asimame.

"Na meza yangu?"

Chemutai alimshika mkono. Jaji alivua miwani.

"Mama, umeshinda kesi."

"Nimesikia. Nauliza meza."

"Meza si ya mtu," jaji alisema, bila ukali, akainuka, na wote wakainuka.

Fidia ilikuja, ikalipa karo ya chuo ya Ivy, ikaisha kama inavyoisha. Nyaguthii alingoja msimu. Watu walimwambia akae, ameshapata chake, atafute kibanda auze mboga. Yeye hakuwa muuza mboga.

Msimu ulifunguliwa Jumatatu ya kwanza ya Novemba. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi alikuwa langoni, na tayari kulikuwa na foleni ya wanawake zaidi ya mia. Karatasi ilikuwa imebandikwa kweli, ndani ya nailoni isilowe. Alimwendea mlinzi wa lango, Kibiwott, kijana mpya asiyemjua.

"Mwanangu, nisomee hiyo."

"Yote, mama?"

"Yote. Na usome kwa sauti, na hawa wengine wasikie."

Kibiwott alikohoa, akasoma kama anayesoma matangazo ya kanisa. Hakuna mwombaji atakayebaguliwa kwa sababu ya rangi, kabila, jinsia, dini, ulemavu, mimba, hali ya ndoa. Wachambuzi watachaguliwa kwa ujuzi wao pekee. Wanawake kwenye foleni walinyamaza kusikiliza. Mmoja alisema, "Ati mimba? Hata mimba?" mwingine akamjibu, "Wewe ngoja kwanza uchaguliwe."

Nyaguthii alishukuru, akaenda kusimama mwisho wa foleni.

Wekoye alitoka saa moja. Hawakuwa wamemfuta. Alitembea kando ya foleni na daftari mkononi, akichagua. Alichagua Wabukusu, akachagua Wateso wawili, akachagua mama mmoja Mjaluo. Alimchagua Jepkoech, tena akamuuliza habari za mtoto. Hapo hakuna wa kumsingizia, mambo yalikuwa yamebadilika. Alipofika kwa Nyaguthii hakusimama, akachagua watatu waliokuja nyuma yake, kisha akageuka kurudi langoni.

"Wekoye."

"Mama Ivy." Alirudisha lile jina kama mtu anayerudisha sufuria ya kuazima.

"Mimi unaniona?"

"Nakuona. Nafasi zimejaa."

"Nyuma yangu umechagua watatu."

"Mama Ivy, tuheshimiane. Hapa tunataka watu wa kufanya kazi kwa amani. Hatutaki watu wa mahakama."

Alisema hivyo kwa sauti ya kawaida, mbele ya wanawake wa foleni na mbele ya Kibiwott, akaingia ndani. Lango likafungwa. Wasiochaguliwa wakaanza kutawanyika kuelekea barabarani, wakifungua leso zao na kuzifunga upya.

Nyaguthii alirudi kwenye lango.

"Mwanangu, ile karatasi ulimaliza?"

"Nilimaliza, mama. Imebaki tu ile mistari midogo ya chini."

"Isome."

Kibiwott alitazama nyuma yake ndani ya ua, kisha akainama karibu na nailoni. "'Hakuna mtu atakayenyimwa kazi au kuadhibiwa kwa sababu aliwahi kulalamika au kushtaki kuhusu ubaguzi.'"

"Tena."

Akasoma tena.

"Na wewe umesikia yule ameniambia nini sasa hivi?"

Kijana alikuwa na kazi mpya, na sare ambayo bado ilikuwa na mikunjo ya dukani. Nyaguthii alimtazama, akamwona Jentrix akiwa ameinamisha kichwa juu ya mbegu.

"Usinijibu," alimwambia. "Sikuulizi. Na usipokee kitu kwangu, hata maji."

Alivuka barabara, akasimamisha bodaboda, akasema apelekwe Bungoma mjini, kwenye kemisti. Ilikuwa saa mbili kasorobo. Ofisi ya Chemutai hufunguliwa saa mbili.